Karatasi ya jeshi la Marekani ikiandikwa OTH: hatua za kuomba ibadilishwe na kudai haki zako VA (Idara ya Maveterani)

Kijana mmoja wa ukoo wetu aliingia jeshi la Marekani akiwa na miaka 21, akapelekwa Afghanistan, akarudi bila jeraha la kuonekana. Miezi michache baadaye baba yake akafariki Likoni, Mombasa. Alipewa ruhusa ya siku 10. Yeye ndiye kifungua mimba, na kwao mtoto wa kiume haondoki kabla ya arobaini ya baba, kwa hiyo akakaa mpaka hitima ikasomwa na mambo ya nyumbani yakatulia. Aliporudi kambini alikuwa ameandikwa mtoro wa siku 47. Kwa kuwa tayari alikuwa na kosa la kuripoti kazini akiwa amelewa, wakamtoa jeshini kwa OTH (Other Than Honorable, yaani kwa hali pungufu ya heshima).

Nilipoiona karatasi yake ya kuachishwa jeshi mara ya kwanza, ilikuwa imekunjwa mara nne ndani ya mfuko wa nailoni, pamoja na cheti cha kuzaliwa cha mwanawe. Alikuwa ameitunza hivyo miaka 6. Siku anatoka kikosini kuna mtu alimwambia atulie, kwamba baada ya miezi 6 itajibadilisha yenyewe. Haijibadilishi. Hakuna karatasi ya kuachishwa jeshi inayojibadilisha yenyewe, iwe baada ya miezi 6 au miaka 60. Lazima uombe, na kuomba kwenyewe kuna saa inayohesabu.

Mwongozo huu nimewaandikia ndugu zetu wa Kiswahili waliowahi kuvaa sare ya Marekani. Wapo walioingia na green card. Wapo walioingia kupitia MAVNI, programu iliyoidhinishwa mwaka 2008 kuchukua wageni wenye lugha ambazo jeshi lilizihitaji, Kiswahili kikiwamo. Wengi wakitolewa vibaya hunyamaza, kwa sababu nyumbani watu bado wanajivunia picha yao ya sare.

Hatua ya 1: Isome karatasi yako, kisanduku kwa kisanduku

Karatasi yenyewe inaitwa DD-214. Aliyekuwa National Guard anaweza kuwa na NGB-22 badala yake. Hakikisha una nakala ndefu, kwa sababu nakala fupi haionyeshi ulitoka kwa namna gani. Kama huna, omba kwa fomu SF-180 au kupitia mtandao wa hifadhi ya kumbukumbu za wanajeshi iliyoko St. Louis, Missouri. Wakati huohuo omba faili lako zima la utumishi na rekodi za matibabu. Bila faili hilo hutajua kikosi kiliandika nini juu yako, na bodi ya jeshi itakayopitia ombi lako italisoma iwe wewe umelisoma au hukulisoma.

Ukiipata, angalia kisanduku cha 24. Hapo ndipo penye aina ya kuachishwa kwako. Kisha angalia 26 na 27, penye alama za sababu ya kutoka na za kuruhusiwa kurudi jeshini, na 28, sababu yenyewe kwa maneno. Kisanduku cha 29 kinaonyesha siku zilizohesabiwa kuwa zimepotea, utoro ukiwamo. Andika pembeni tarehe uliyotoka, iko 12b. Tarehe hiyo itaamua mengi.

Hatua ya 2: Ujue aina yako inafungua nini

Kutoka kwa heshima kamili kunafungua kila kitu. Ngazi inayofuata ni ile ambayo wanajeshi huiita General: heshima ipo lakini ina doa. Mwenye General anapata matibabu ya VA, fidia ya ulemavu na dhamana ya mkopo wa nyumba, ila GI Bill, mpango wa serikali wa kuwalipia maveterani masomo, hapati. Wengi hawalijui hilo mpaka siku ya kujisajili chuoni. Ya tatu ni OTH, ambayo hutolewa na makamanda kwa njia ya kiutawala bila kesi mahakamani. Chini yake kuna BCD, ya mwenendo mbaya, na mwisho kabisa ile ya aibu. Hizi mbili za mwisho hutolewa na mahakama ya kijeshi peke yake.

Nimesikia watu wenye OTH wakijiita watu waliofukuzwa kwa aibu. Sivyo. OTH na ile ya aibu ni vitu viwili tofauti kabisa kisheria, na ukijichanganya mwenyewe utaacha kuomba vitu unavyostahili.

Kuna pia waliotolewa mapema, wakiwa bado mafunzoni au muda mfupi baadaye, ambao karatasi yao haina sifa yoyote, nzuri wala mbaya. Baadhi ya ndugu zetu wa MAVNI wameangukia hapo. Nao wanaweza kuomba marekebisho.

Hatua ya 3: Gonga mlango wa VA leo, usisubiri bodi

Hapa ndipo penye kosa kubwa kuliko yote ninayoyaona. Mtu anadhani lazima kwanza karatasi ibadilishwe ndipo aende VA. Hizi ni taasisi mbili tofauti. Bodi za jeshi ndizo zenye mamlaka ya kubadilisha DD-214. VA haiibadilishi, lakini ina mamlaka yake ya kuamua kama utumishi wako ulikuwa mzuri vya kutosha kupewa huduma zake. Ukiwa na OTH, ukijaza fomu ya matibabu 10-10EZ au ya fidia 21-526EZ, VA inapaswa kufanya uchunguzi huo. Mtu wa mapokezi akikuambia "wewe hustahili" baada ya kuitupia jicho karatasi yako, huo si uamuzi. Mwombe kwa adabu apokee ombi lako, na udai jibu la maandishi.

Kanuni za uchunguzi huo zilibadilishwa, na mabadiliko yalianza kutumika tarehe 25 Juni 2024. Sasa VA inatakiwa kupima mazingira yaliyomfanya mtu akosee: ugonjwa wa akili, jeraha la ubongo, unyanyasaji wa kingono, ugumu wa vitani, majukumu ya familia, na pia umri, elimu na utamaduni aliolelewa nao. Rudia kusoma hayo mawili: majukumu ya familia, na utamaduni. Kijana wetu aliyebaki kwenye arobaini ya baba yake ana neno la kusema hapo. Hata utoro wa siku 180 mfululizo, ambao kwa kawaida ni kizuizi cha kisheria, unaweza kuondolewa ukipimwa kwa mazingira hayo.

Kizuizi kimoja kinawahusu wageni hasa. Mtu asiye raia akitolewa wakati wa vita kwa sababu yeye si raia, na ikathibitika kwamba mwenyewe aliomba kutolewa, anaweza kunyimwa haki za VA. Kama uliwahi kutia saini karatasi ya namna hiyo bila kuielewa vizuri, mwonyeshe mwanasheria kabla ya kuomba chochote.

Kuna msaada usiosubiri uamuzi wowote. Aliyenyanyaswa kingono jeshini anaweza kupata ushauri na matibabu ya jambo hilo hata akiwa na OTH. Aliyehudumu zaidi ya siku 100 na akapelekwa vitani anaweza kupata huduma ya afya ya akili hata akiwa na OTH. Na tangu tarehe 17 Januari 2023, maveterani wengi walio katika hatari ya kujiua wanatibiwa bure, hadi siku 30 wakiwa wamelazwa na hadi siku 90 za kliniki, hata kama hawajawahi kujisajili VA. Piga 988 kisha bonyeza 1, saa yoyote, usiku au mchana. Kama unasoma hapa na moyo wako umefika huko, acha kusoma upige sasa. Karatasi itasubiri.

Hatua ya 4: Chagua bodi sahihi

Bodi ni mbili, na zinachagua watu kwa tarehe na kwa aina ya kesi.

Bodi ya kupitia upya kuachishwa hutumia fomu DD-293. Inapokea maombi ndani ya miaka 15 tangu tarehe uliyotoka. Haigusi hukumu za mahakama kuu ya kijeshi (general court-martial). Mwenye BCD ya mahakama ndogo ya kijeshi (special court-martial) anaweza kuiomba, ila kwa njia ya huruma tu. Haiwezi kukushusha chini ya hapo ulipo, kwa hiyo woga wa kuharibu zaidi hauna msingi.

Bodi ya kurekebisha kumbukumbu hutumia fomu DD-149. Hii ina mamlaka mapana zaidi, na ndiyo ya aliyepitisha miaka 15, au aliyekataliwa na ile ya kwanza, au aliyehukumiwa na mahakama kuu. Kisheria muda wake ni miaka 3 tangu ulipogundua kosa au dhuluma, lakini inaweza kusamehe kuchelewa kwa ajili ya haki, na husamehe. Eleza tu kwa nini umechelewa.

Wanamaji na Marine wana bodi za pamoja. Jeshi la nchi kavu lina zake, la anga lina zake, na walinzi wa pwani wana zao. Tovuti ya VA ina ukurasa unaokuuliza maswali machache kisha unakuambia fomu gani na anwani ipi. Anza huko, kwa sababu anwani na matoleo ya fomu hubadilika.

Jambo la kimkakati: kwenye bodi ya kwanza unaweza kuomba wasome karatasi tu, au wakusikilize ana kwa ana. Ukianza na karatasi ukakataliwa, bado unaweza kuomba kusikilizwa. Ukianza na kusikilizwa, ile nafasi ya karatasi imekwenda. Kwa hiyo aliye mbali na miaka 15 aanze na karatasi apate nafasi mbili. Aliyebakiza mwaka mmoja aombe kusikilizwa moja kwa moja, kwa maana majibu huchukua miezi mingi, mara nyingi zaidi ya mwaka.

Hatua ya 5: Andika maelezo yako, na hapa usiharakishe

Rasimu ya kwanza ya kijana wetu ilikuwa mistari mitatu. Naomba radhi. Niliaibisha kikosi changu na familia yangu. Naomba mnisamehe. Basi.

Nilimwelewa. Sisi tumelelewa hivyo: anayeomba radhi hajitetei, na mambo ya ndani hayatolewi barazani. Lakini siri ya mtungi aijuaye kata. Watu wa bodi hawakuwahi kuwa ndani ya mtungi wako. Wana faili linalosema siku 47 na pombe, na sheria inawataka wachukulie kwamba jeshi lilifanya kazi yake sawasawa mpaka wewe uonyeshe vingine. Radhi peke yake haiwapi kitu cha kushika.

Tukakaa mezani jikoni usiku mbili. Rasimu iliyokuja baadaye ilikuwa na maneno kama haya: "Nilipofika Likoni nilimkuta mama hawezi kusimama. Nililala sebuleni na wajomba. Usiku wa pili mtu alifunga mlango kwa kishindo, nikajikuta chini ya meza kabla sijajua nimeamka. Mjomba aliniuliza kama ninaumwa. Nikamwambia ni uchovu wa safari. Kuanzia hapo nilikuwa nalala kwa pombe." Hapo ndipo mambo mawili yaliyokuwa mbalimbali kwenye faili, pombe na utoro, yalipokutana na vita.

Muunganisho wa namna hiyo ndio bodi inaoutafuta. Wizara ya Ulinzi ilitoa waraka tarehe 3 Septemba 2014 kuhusu PTSD, yaani kiwewe kinachobaki baada ya vita au tukio la kutisha. Tarehe 25 Agosti 2017 ukatoka mwingine, unaojulikana kama waraka wa Kurta, ukiongeza magonjwa mengine ya akili, jeraha la ubongo, na kubakwa au kunyanyaswa kingono. Bodi zinaambiwa zilegeze mkono katika kesi hizo, na zijiulize maswali manne: Je, ulikuwa na hali au tukio linaloweza kupunguza uzito wa kosa? Je, lilikuwapo ukiwa jeshini? Je, kweli linaelezea kosa hilo? Na je, lina uzito kuliko kosa? Maelezo yako yajibu yote manne, kwa mpangilio huo, kila moja na mifano yake. Waraka huohuo unasema kauli ya veterani mwenyewe inaweza kutosha kuthibitisha. Usiseme basi kwamba huna ushahidi kwa sababu hukuwahi kwenda kwa daktari.

Lisilokubalika kirahisi ni kosa la kupanga. Kiwewe kinaelezea ulevi, utoro, hasira, hata bangi ya kutafuta usingizi. Wizi uliopangwa kwa wiki tatu ni kesi ngumu zaidi, na ni afadhali uilete kwa njia nyingine: waraka wa tarehe 25 Julai 2018, unaoitwa wa Wilkie, unaoruhusu huruma kwa mtu aliyebadilika. Huo unatazama umri wako wakati ule, miaka iliyopita, kazi yako, malezi ya watoto, na ulichofanya kwa jamii tangu utoke. Kesi nyingi nzuri hutumia waraka wa Kurta na wa Wilkie kwa pamoja.

Waliotolewa kwa sababu ya sera ya zamani dhidi ya mashoga na wasagaji, iliyofutwa tarehe 20 Septemba 2011, wana waraka wao wa tarehe hiyohiyo, na kwa kawaida wanabadilishiwa kama hakukuwa na kosa jingine.

Hatua ya 6: Kusanya ushahidi kama anayekwenda mahakamani

Barua tatu nzuri zinashinda barua ishirini za sifa. Mtafute mwenzako wa kikosi aliyekuona kabla na baada. Mtafute mkeo au mumeo, au dada aliyekuwa akikupigia simu. Kila mmoja aandike alichoona kwa macho yake, si "ni mtu mwema". Mama yake kijana wetu alisimulia habari ya mlango na meza kwa Kiswahili, mpwa wake akaandika. Chochote kutoka nyumbani, kiwe cheti cha kifo, barua ya chifu au ya serikali ya mtaa, ya imamu au ya mchungaji, kitafsiriwe kwa Kiingereza, na mfasiri atie saini kwamba tafsiri ni sahihi. Weka na nakala ya asili.

Ongeza medali, tathmini nzuri za kazi, ripoti ya mtaalamu wa akili kama unayo, vyeti vya masomo, barua ya mwajiri. Maamuzi ya nyuma ya bodi yamewekwa wazi mtandaoni yakiwa yamefutwa majina; soma machache yanayofanana na yako uone nini kilishinda. Tunza nakala ya kila kitu, na tuma kwa njia unayoweza kuifuatilia.

Fomu zote ni bure. Maafisa wa maveterani wa kaunti, na vyama kama American Legion, DAV na VFW, husaidia bila malipo, na vyuo kadhaa vya sheria vina kliniki za maveterani. Mtu akikuomba fedha kujaza fomu peke yake, ondoka.

Kabla hujatia saini, kama wewe si raia

Hili nimeliweka peke yake makusudi. Ukiandika kwenye maelezo yako kwamba ulivuta bangi au ulitumia dawa za kulevya, umekiri kwa maandishi jambo linaloweza kukudhuru kwenye uhamiaji, hata kama hukushtakiwa. Ongea na mwanasheria wa uhamiaji kwanza.

Upande wa pili wa sarafu: uraia kwa njia ya utumishi unataka heshima, na General inahesabika kuwa heshima. OTH haihesabiki. Na aliyepata uraia kupitia jeshi akatolewa kwa OTH kabla ya kutimiza jumla ya miaka 5 ya utumishi wa heshima, sheria inaruhusu serikali kuomba uraia huo ufutwe. Kwa mtu wa namna hiyo, kubadilisha karatasi si suala la ada ya chuo tu.

Siku ya kusikilizwa, na baada yake

Siku hizi wengi husikilizwa kwa simu au video. Keti mahali penye utulivu, jibu unachoulizwa, omba mkalimani mapema kama Kiingereza huwa kinakupotea ukiwa na wasiwasi. Usimseme vibaya kamanda wako wa zamani hata kama anastahili. Wanaokusikiliza ni maafisa wa jeshi.

Jibu likija, soma sababu zake na si matokeo tu, kwa maana hizo sababu ndizo utakazozijibu kwenye bodi ya pili. Aliyetoka jeshini tarehe 20 Desemba 2019 au baadaye, akimaliza bodi zote mbili, ana ngazi moja zaidi ya rufaa katika Wizara ya Ulinzi. Baada ya hapo kuna mahakama za shirikisho, na huko usiende bila wakili.

Ukishinda utapewa DD-214 mpya. Ikague tena: wakati mwingine kisanduku cha 24 kinabadilishwa na cha 28 kinaachwa kikisema utovu wa nidhamu, na mwajiri anasoma vyote viwili. Omba yote kwenye fomu tangu mwanzo. Kisha ipeleke VA ukaombe upya kila walichokunyima.

Kijana wetu alijibiwa na VA kwanza. Walikubali, akaanza matibabu ya usingizi na ya pombe kabla bodi haijafungua bahasha yake. Bodi ilimkataa kwenye karatasi, ikamsikiliza baadaye, ikampa General. GI Bill bado. Juzi alinipigia kuniuliza DD-149 inajazwaje, na kama ile barua ya mama yake inaweza kutumika tena. Inaweza. Nimemwambia aongeze barua ya mjomba aliyekuwa sebuleni usiku ule.